Fundi saa wa dunia yako ya kubuni

Mdogo wangu,

Salamu nyingi kutoka ughaibuni. Mfikishie Mama shikamoo yangu, na Baba pia.

Sura za hadithi yako ulizonitumia nimezisoma. Bahari inayopanda mlima nimeikubali, miezi miwili nimeikubali. Aliyenishinda ni yule fundi saa wako: anasoma maneno, saa inatembea. Mezani kwake hakuna hata tupa. Ukitaka msomaji aamini zindiko lake, mwache kwanza afanye kazi ya fundi, kisha zindiko liingie mahali pamoja tu ndani ya saa. Penginepo pote, chuma kibaki chuma.

Saa ya ukutani ina mambo manne: nguvu (jiwe linaloning'inia au kamani, yaani springi iliyokunjwa), magurudumu ya meno, kizuizi kinachoachia jino moja moja, na pendulamu inayoamua mwendo. Wengi wangeutia uchawi kwenye nguvu, saa isihitaji kutiwa ufunguo tena. Ni sawa, lakini ujue matokeo yake. Nguvu ikizidi, pendulamu hubembea kwa upana zaidi, na mbembeo mpana huchukua muda mrefu kidogo kuliko mwembamba. Basi saa iliyofungiwa jini mwenye misuli huenda ikachelewa badala ya kuwahi! Hiyo ni kwa kizuizi ambacho hakirudishi gurudumu nyuma. Kwenye kizuizi cha kizamani kiitwacho nanga, kile kinacholisukuma gurudumu nyuma kidogo kila pigo, nguvu ikizidi saa kwa kawaida huwahi. Chagua mojawapo na usiibadilishe katikati ya hadithi.

Mimi ningeliweka zindiko kwenye pendulamu. Hapa duniani, pendulamu ya takriban sentimita 99.4 hutumia sekunde moja kwenda upande mmoja. Ukitaka nusu sekunde, urefu unakuwa robo, yaani kama sentimita 24.8, wala si nusu. Wanafunzi wa fundi wako wakosee hapo, maana ndipo watu hukosea. Na kama dunia yako ina mvutano nusu ya huu wetu, pendulamu ya sekunde itakuwa sentimita 49.7. Jambo hili halikugunduliwa kwa hesabu tupu. Mwaka 1672 Jean Richer, mwanaastronomia Mfaransa, alipeleka saa kutoka Paris hadi Cayenne huko Amerika Kusini, karibu na ikweta ambako mvutano ni mdogo kidogo, ikawa inachelewa kama dakika mbili na nusu kwa siku. Ilibidi pendulamu ifupishwe. Fundi wako akisafiri na saa yake juu ya ule mlima, nayo ichelewe. Wenyeji watasema imelogwa, yeye atashika nati iliyo chini ya pendulamu. Kuipandisha milimita moja kunaongeza mwendo kwa sekunde 43 hivi kwa siku.

Joto nalo ni adui. Ufito wa pendulamu ukiwa wa feleji hurefuka, na kila nyuzi moja ya Selsiasi hupoteza karibu nusu sekunde kwa siku. Wa shaba hupoteza zaidi. Zindiko la kuzuia ufito usirefuke lingekuwa na thamani kuliko kuifanya saa iongee. Lipe mwiko wake: labda ufito usiguswe kwa mkono mtupu, kwa sababu joto la kiganja linalifungua zindiko. Mwiko wenye sababu ndani ya chuma hausahauliki.

Sasa magurudumu, na hapa nakuomba uhesabu. Gurudumu la kati huzunguka mara moja kwa saa na lina meno 64. Linasukuma gia ndogo ya meno 8, kwa hiyo gurudumu la tatu linazunguka mara 8. Hilo lina meno 60, linasukuma gia nyingine ya meno 8: mara saba na nusu. Nane mara saba na nusu ni 60, basi gurudumu la kizuizi huzunguka mara moja kwa dakika. Lipe meno 30, kila jino likipiga ti na ta, umepata mapigo 60. Ukichomeka gurudumu moja zaidi katikati, akrabu ya sekunde itazunguka kinyume. Kama akrabu hiyo ndiyo inayorudi nyuma kwenye sura yako ya tatu, haihitaji uchawi wowote, inahitaji gurudumu moja la ziada.

Kuonyesha mwezi wetu kwenye saa, mafundi hutumia bamba la meno 118 lenye picha mbili za mwezi, jino moja kila saa 12. Mwezi mmoja unatoka siku 29 na nusu, na kosa linafika siku nzima baada ya miaka miwili na nusu hivi. Wewe una miezi miwili angani, kwa hiyo unahitaji mabamba mawili, na kwanza uamue kila mmoja unachukua siku ngapi.

Magonjwa ya saa yawe ya kweli pia. Mafuta yakizidi hutiririka na kuiacha ncha ya mhimili kavu. Tone dogo linatosha. Vumbi likiingia hujichimbia ndani ya shaba laini na kuikwangua feleji ngumu, kwa hiyo kinacholika ni kile kigumu. Saa inayosema ti... ta-ti... ta haijasimama sawa ukutani, nayo itasimama usiku. Na kamani isifunguliwe kabla ya kulegezwa taratibu, maana ikifyatuka hukata vidole. Jini wako akitoka, atoke hapo.

Naisubiri sura ya nne. Niandikie urefu wa pendulamu yake, nitakuambia kama inaingia kwenye lile sanduku uliloeleza.

Nduguyo mpenzi.