Mkanda kwanza, Saumu

Mwanangu Saumu,

Baada ya salamu, sisi huku hatujambo, ila mama yako tangu juzi halali vizuri. Habari kwamba umepata nafasi ya chuo cha boti za uokoaji pale Cape Disappointment, mlangoni mwa mto Columbia, nimeisikia kwa Idi. Haya. Baba ni wa mwisho kuambiwa, ila bei ya tairi naulizwa mimi kwanza. Hongera, mwanangu. Vituo vya walinzi wa pwani vya mawimbi makubwa Marekani nzima ni kama 20 tu, na wanaofika daraja la unahodha wa mawimbi ni wachache mno. Yule aliyesema utarudi nyumbani kabla ya mwaka kwisha hakujua alisemalo. Unamjua, na yeye anajijua.

Neno langu ni moja: mkanda, ule wa kukufunga kwenye boti. Kulabu zote mbili zikae kwenye pete zake, kulia na kushoto, kabla boti haijatoka mtoni. Ukingoja mpaka uyaone maji meupe, vidole vimeshaganda na boti imeshaanza kucheza. Kamba zake usiziache ndefu kwa ajili ya raha, maana boti ikigonga utarushwa kwenye usukani. Usizikaze pia hadi ushindwe kukunja magoti, kwa sababu magoti ndiyo springi zako. Kila ukirudi, osha mkanda kwa maji yasiyo na chumvi na uangalie nyuzi pale utepe unapoingia kwenye chuma. Chumvi huanzia hapo. Uzi mmoja ukifumuka, mkanda huo ni takataka, hata kama mkuu wa stoo atanuna.

Boti yenyewe unaijua: futi 47, tani kama 18, bodi ya alumini, mashine mbili za dizeli, zile za awali za nguvu ya farasi 435 kila moja. Ikipinduka hujirudisha wima kwa sekunde chini ya 10. Imetengenezwa kuhimili mawimbi ya kuvunja ya futi 20 na upepo wa noti 50, yaani maili 50 za bahari kwa saa. Nimeshika spana ndani ya boti hizo miaka mingi na sina ugomvi nazo. Lakini hizo zote ni sifa za boti, na wewe hukuundwa kwa alumini. Ikiinuka tena, itainuka na kile kilichofungwa.

Tarehe 12 Januari 1961 boti ya mbao ya futi 52, Triumph, iliingia kwenye mlango huohuo wa mto Columbia kuikokota mashua ya uvuvi Mermaid. Walinzi wa pwani watano hawakurudi. Februari 1997, pale Quillayute, boti ya futi 44 iliyokwenda kusaidia mashua ya tanga ilipinduka zaidi ya mara moja. Walitoka wanne, akarudi hai mmoja tu. Chuoni watawasomesha visa hivyo, na utaviandika kwenye daftari kwa mwandiko wako mzuri. Mimi nataka uvikumbuke ukiwa umechoka, saa tisa usiku, na mwenzako anasema twende tu, tutafunga njiani.

Sasa mawimbi. Mlango ule mbaya wake ni maji ya kupwa. Mto unasukuma kwenda nje, mawimbi ya Pasifiki yanakuja ndani, vikikutana juu ya mafungu ya mchanga wimbi linafupika, linasimama kama ukuta na kuvunja. Kwa hiyo saa ya kupwa uijue kama saa ya kuswali. Mawimbi huja kwa mafungu pia. Simama nje kwanza uyahesabu, halafu pita kwenye utulivu kati ya fungu na fungu. Kila wimbi lina bega, pale lisipovunja bado, na mara nyingi hatua chache za kwenda pembeni zinakuepusha na pigo zima.

Ukikosa njia, wimbi mpe omo, yaani pua ya boti. Ubavu usimpe kamwe. Sukuma mafuta mpaka omo inyanyuke, kisha punguza kabla kilele hakijapita chini yako. Wageni wanakosea hapa: wanapanda na mafuta yote, boti inaruka hewani, inatua kwa tumbo bondeni, na tani zote 18 zinaishia kwenye mgongo wa mtu. Wengine hupunguza mapema mno, boti inasimama, wimbi linairudisha kinyumenyume. Ukishavuka, ongeza tena papo hapo, kwani boti isiyo na mwendo haina usukani. Na ukijikuta ndani ya povu, mashine inalia mbio na boti haisogei, usizidishe mafuta. Pangaboi la kusukuma boti linasaga hewa. Punguza, ngoja lishike maji.

Kurudi ndani ni kubaya kuliko kutoka, kwa kuwa adui yuko nyuma. Kaa mgongoni mwa wimbi lililotangulia, usilipite. Ukilipita, omo inachimba bondeni, tezi, yaani nyuma ya boti, inachukuliwa pembeni, umeshalala ubavu. Weka mtu mmoja kazi yake iwe kutazama nyuma tu, akwambie upande na umbali, kwa sauti, kila wakati. Likija la kuvunja na hulikimbii, geuka ulikabili mapema. Ukigeuka umechelewa litakukuta katikati ya mzunguko. Na huyo wa nyuma, mkanda wake umeuangalia? Mwangalie wewe mwenyewe. Usimuulize, maana kila mtu hujibu ndiyo.

Kuna ule msemo wa wazee wa uokoaji, kwamba sheria inakulazimisha kwenda, haikulazimishi kurudi. Vijana wanauchora mikononi. Usiuchore. Siku hizi kabla ya kutoka mnapima hatari ya safari na kuipa rangi: kijani, njano au nyekundu. Rangi yako iandike kabla hujaisikia ya mkubwa. Wengi huandika anayoitaka mkubwa, kisha kijani kinatoka nao kwenda kuzimu. Mtoto wangu mimi anajua kubisha, nakuomba ubishe huko, hapa nyumbani umeshabisha vya kutosha.

Kingine ni mavazi. Kucha zile zikate na hereni uzivue, huchana mpira wa shingoni wa suti ya kuzuia maji, na maji ya huko hayana huruma hata Julai. Zipu ifunge mpaka mwisho, mwenzako aikague. Fungio la haraka la mkanda ujifunze kulifungua kwa mkono mmoja, macho umefumba, kushoto na kulia. Nafasi ya kulitumia sikuombei.

Bibi yako Malindi tumemwambia uko kazini bandarini. Si uongo kamili. Anauliza mbona simu hupigi Ijumaa, nami nimechoka kukutetea. Mpigie, usimtajie mawimbi. Mabati yake nimeshatuma nusu ya pesa, nusu nyingine mwezi ujao, na kama unaweza kutia chochote mwambie mama yako, usiniambie mimi, mimi nitakataa.

Idi ametumia gari lako wiki nzima na mafuta ya injini hajaangalia. Nimeongeza lita moja, lakini taa bado inawaka, nadhani ni kihisio. Nitakifungua Jumamosi. Na ufunguo wa stoo umeondoka nao. Utume kwa posta wiki hii, friza imo humo na samaki wa mama yako wote.

Baba yako.

Ukifika, nitumie picha ya mkanda. Wako, si wa kwenye ukuta wa darasa.