Kikao cha Jumamosi: je, sauti hufa?

Wapendwa, habari za leo. Jumamosi saa kumi jioni tutajadili Mimamsa, falsafa ya kale ya India inayohusishwa na Jaimini. Wafuasi wake walishikilia kwamba sauti ya neno haizaliwi tunapotamka. Ipo milele, kinywa huidhihirisha tu. Wanafalsafa wa Nyaya, falsafa nyingine ya kale ya India, wakawapinga: sauti hutengenezwa, kisha hutoweka. Mimi bado naelemea kwa Nyaya, lakini nataka kusikia hoja zenu.

Kinachonigusa zaidi ni namna Veda, maandiko matakatifu ya kale ya India, zilivyohifadhiwa kwa mdomo na sikio. Katika ukariri uitwao jata, mwanafunzi husema neno la kwanza na la pili, la pili na la kwanza, halafu la kwanza na la pili tena, kisha anasonga mbele hivyo hivyo. Ukiruka neno, mpangilio wenyewe unakufichua. UNESCO iliingiza ukariri huu katika orodha ya urithi wa binadamu mwaka 2008.

Kila mmoja aje na beti mbili alizozihifadhi kichwani, bila karatasi tafadhali. Asiyeweza kufika arekodi sauti yake aitume humu kabla ya Ijumaa usiku.