Wafula, hao watu ni kina nani?

Kondele, Kisumu

Wafula ndugu yangu,

Barua yako nimeipata, na habari za mtoto kupona zimetufurahisha sote. Lakini hapo uliposema propaganda haikubabaishi kwa kuwa uongo unaujua ukiuona, hapo sikubaliani nawe hata kidogo. Uongo mtupu unakataliwa hata na mtoto. Mimi naogopa ile isiyokwambia uamini nini, inayokufanya tu udhani wenzako wote wameshaamini, umebaki wewe.

Unakumbuka 2021, kesi ya BBI, ule mpango wa kubadilisha katiba, ilipokuwa mahakamani? Twitter ilijaa hashitegi za kuwaponda majaji na wanaharakati, ungeapa Kenya nzima imewachoka. Watafiti wa Wakfu wa Mozilla, Odanga Madung na Brian Obilo, walipofukua wakakuta vijana wa kukodiwa: kati ya dola 10 na 15 kwa kampeni tatu kwa siku, maelekezo kwenye makundi ya WhatsApp, malipo kwa M-Pesa. Yaani hasira ya taifa ilinunuliwa kwa bei ya kiatu cha mtumba!

Juzi kwa kinyozi jamaa mmoja alikuwa akifoka kuhusu jamii fulani. "Watu wanasema," kila sentensi. Kinyozi akazima mashine, akamuuliza kwa upole: watu gani? Jamaa akatoa simu, akapekua, akapekua. Alichopata ni ujumbe mmoja uliosambazwa tena na tena, hauna mwenyewe. Aliirudisha simu mfukoni akaendelea kufoka vilevile.

Wala usidhani ni mambo ya simu. Wakoloni walipotangaza Hali ya Hatari hapa Kenya Oktoba 1952, wakipambana na Mau Mau, magazeti ya Uingereza yalishughulika sana na walowezi waliouawa. Walowezi hao walikuwa 32. Waafrika waliokufa walikuwa maelfu. Mengi hayakuhitaji kutungwa, ilitosha kuchagua msiba wa nani upewe ukurasa wa kwanza. (Mwalimu wetu wa historia alilipita hilo mbio, sijui kwa nini.)

Sasa nina ombi. Ile video ya mashamba ya huko Nakuru uliyonitumia, wewe uliitoa wapi? Sitaki jina la kundi, nataka aliyekutumia, na yeye alitumiwa na nani. Fuatilia mpaka utakapokwama, kisha unipigie Jumapili baada ya kanisa.

Msalimie shemeji.

Wako,
Otieno