Barua ya wazi kwa vijana wa maigizo wa Mwanza

Wajukuu zangu, mwangaluka.

Mliponialika kutazama mazoezi yenu pale Kirumba, nilikaa tangu saa tisa alasiri hadi giza likaingia. Niliondoka kimya, na najua wapo walioona labda mchezo haukunipendeza. Ulinipendeza. Kilichoninyima usingizi ni yule jenerali wenu: tumbo la mto, medali za vizibo vya soda, akifungua mdomo tu watu wanaangua kicheko. Mchezo mzima, hakuna hata mmoja anayemwogopa.

Nilikuwa na miaka 15 Septemba 1972, ndege za Idi Amin zilipodondosha mabomu Bukoba na hapa Mwanza. Mama alitusukuma chini ya kitanda, yeye akabaki mlangoni na mdogo wetu mgongoni. Vita vya Kagera vilipokuja, ndege ya Libya iliyokuwa upande wa Amin ililenga mji wetu, bomu likaangukia kisiwa cha Saanane na kuua swala. Leo habari ya swala wale huchekesha watu. Sisi tuliokuwa hapa tulikuwa tunahesabu watoto wetu.

Ng'ambo ya ziwa hilihili, meli zetu zinakotia nanga Port Bell, Uganda, palikuwa na watunzi walioandika wakiwa ndani ya mdomo wa mamba. Nataka muwafahamu wawili kabla hamjaendelea na mchezo wenu.

Wa kwanza ni Byron Kawadwa. Aliandika kwa Kiganda, lugha ambayo mama muuza ndizi wa Kampala angeielewa bila mkalimani, na akaijaza nyimbo. Alikuwa kiongozi wa sanaa katika ukumbi wa maigizo wa taifa. Mchezo wake *Oluyimba lwa Wankoko*, yaani wimbo wa Bwana Jogoo, unahusu kiti cha enzi na wanaokigombea. Mwanzoni mwa 1977 aliupeleka Lagos, kwenye tamasha kubwa la sanaa za watu weusi, kwa jina la Uganda. Waliporudi nyumbani alikamatwa, akauawa. Ulikuwa mwaka uleule aliouawa Askofu Mkuu Janani Luwum wa Kanisa Anglikana la Uganda. Na Kawadwa hakufa peke yake. Wapo wenzake wa jukwaani waliokwenda naye.

Hapo ndipo naomba mtulie. Mshairi anaweza kuficha shairi lake chini ya godoro. Mtunzi wa tamthilia hana godoro. Mchezo unataka kibali, ukumbi, mpiga ngoma, dada wa kushona maleba, na watu 12 wa kusimama mbele ya macho ya kila mtu wakitamka maneno aliyoyawaza mwingine. Mwigizaji ndiye anayeonekana. Anayekuja kukamata hukamata sura aliyoiona.

Nalisema hili kwa uchungu wangu mwenyewe. Zamani niliandika mchezo mfupi uliomlenga mkubwa mmoja, wala sikuwaambia vijana wangu nimemlenga nani. Nilidhani nawalinda. Yule aliyeigiza nafasi hiyo alipoteza kazi, akaniuliza, "Mwalimu, ulijua?" Nilijua. Sijawahi kupata jibu la kumpa.

Wa pili ni Robert Serumaga. Huyu alianza na maneno mengi, tena ya Kiingereza, lakini kadiri utawala wa Amin ulivyozidi kuwa mkali ndivyo alivyoyapunguza. Akaunda kundi la Abafumi, akawafundisha waigizaji wake kusema kwa mgongo, kwa pumzi, kwa ngoma. Mwaka 1974 akatoa *Amayirikiti*, jina la miti yenye maua mekundu, mchezo wa mauaji ambao karibu hauna neno. Msikilizaji wa serikali ataandika nini kwenye daftari lake, ikiwa mtu ameanguka tu na wenzake wamekataa kumtazama? Baadaye Serumaga alikwenda uhamishoni, akawa miongoni mwa waliopigania kumwondoa Amin, akashika uwaziri kwa muda mfupi mwaka 1979, na mwaka uliofuata akafia Nairobi.

Ninyi mna ngoma za Bagika na Bagalu, vyama viwili vya wacheza ngoma wa Kisukuma, mlizozikuta kwa babu zenu. Mtu wa Kisukuma anajua mcheza ngoma anavyoweza kunyamazisha uwanja mzima bila kutamka kitu. Kwa nini jenerali wenu anaongea sana hivyo? Mvueni lile tumbo. Mpeni kiti, akae, asiseme neno katika onyesho la kwanza, tuwaone wengine wanavyobadilisha sauti kwa sababu yake. Yule binti anayeigiza mke wa mwalimu ana macho makubwa ya kuogopa, mwacheni ayatumie. Kicheko kibaki, maana hata Kampala ya wakati ule watu walicheka, ila kiwe cha mtu aliyekwisha kutazama mlango.

Na kabla ya kuuonyesha mchezo kwa watu, kaeni chini kikundi kizima, pamoja na mpiga ngoma na mshonaji. Mtunzi aseme wazi ameandika nini na kwa nini. Anayetaka kutoka atoke, asisutwe.

Nakala moja ya mswada niachieni mimi, nyingine mpeni mtu wa mbali. Jumamosi nitakuwa nyumbani kuanzia saa nne. Njooni na ule ukurasa wa jenerali anapoingia, tuanze na hapo.

Babu yenu,
Igogo, Mwanza