Jumamosi: tumtazame Navarana

Ndugu wanakikundi, habari za jioni. Jumamosi saa 2 usiku tunaangalia Palos Brudefærd (kwa Kideni, “Safari ya Harusi ya Palo”), filamu ya mwaka 1934 iliyopigwa Ammassalik, mashariki mwa Greenland. Aliyeiandika ni Knud Rasmussen, mvumbuzi maarufu mzaliwa wa Greenland. Alifariki Desemba 1933, hakuiona ikizinduliwa. Mwongozaji ni Friedrich Dalsheim.

Lakini mimi nawaomba mumtazame Navarana, binti anayegombewa na Palo na Samo. Waigizaji ni wenyeji wa hukohuko, na wanazungumza lugha yao. Aliyemwigiza Navarana ameandikwa kwenye orodha ya waigizaji kwa jina moja tu, lilelile la mhusika. Rasmussen ana vitabu na sanamu. Huyu dada aliyeibeba hadithi nzima ana neno moja. Linaniuma, ndiyo maana nimemchagua.

Msikose kuona malumbano ya ngoma. Wanaume wawili wanasimama uso kwa uso, mmoja anapiga ngoma na kumrushia mwenzake vijembe kwa wimbo, watu wamewazunguka wanacheka. Kicheko kinamchoma Samo hadi anachomoa kisu. Hapo mwangalieni Navarana. Na baadaye, kaka zake wanapohama naye kwenda kwenye makazi ya baridi, Palo anamfuata kwa kayaki, mtumbwi mwembamba wa mtu mmoja, katikati ya dhoruba.

Kiungo nitaweka hapa Jumamosi mchana. Wenye bando dogo mniambie mapema tupange mkae pamoja na jirani. Tukimaliza, kila mmoja atuambie ni wapi Navarana alimgusa. Asanteni sana.