Nani Aliyeuvuta Huo Mzinga?

Ndugu yangu,

Salamu nyingi sana zikufikie wewe na wote ulio nao. Mimi ni mzima. Hofu na mashaka ni kwako uliye mbali na upeo wa macho yangu. Ama baada ya salamu, najua kwamba mwezi wa nne huu unakwisha tangu uliponiletea mswada wa riwaya yako na kuniomba niusome kabla haujamfikia mhariri, na najua pia kwamba ulimwambia Kapteni kuwa kimya changu ni dalili ya kutoupenda. Kapteni hawezi kuweka neno kifuani hata kwa saa moja, nawe ulilijua hilo vizuri ulipomwambia. Basi pokea jibu langu: mswada nimeupenda, isipokuwa mzinga wa sura ya tisa, ambao umenikosesha raha kiasi cha kunipeleka maktaba jioni kadhaa mfululizo. Jioni ya kwanza niliomba vitabu vya mizinga, nikaletewa kitabu cha ufugaji wa nyuki. Nilikisoma kurasa tatu kwa adabu kabla ya kukirudisha.

Kosa la mzinga wako ni kwamba hauna uzito. Katika sura hiyo jeshi linauhusuru mji, mzinga unatokea asubuhi juu ya kilima kana kwamba umeota hapo usiku, unafyatuliwa mara kumi na mbili, na kabla jua halijafika utosini ukuta uliosimama miaka mia tatu umekuwa kifusi, na shujaa wako anaingia mjini akiwa amechafuka vumbi la kupendeza. Nilipofika hapo nilijiuliza swali moja ambalo halijaniacha mpaka leo: nani aliyeuvuta huo mzinga mpaka kilimani?

Uchukulie mzinga mashuhuri kuliko yote, ule wa mwaka 1453 uliopelekwa Konstantinopoli. Aliyeusubu ni Orban, fundi kutoka Hungaria, ambaye kwanza alimwendea Kaisari Constantine XI, mtawala wa mji huo, akitaka ujira na vifaa, na Kaisari, ambaye hazina yake ilikuwa imekauka, akashindwa kumlipa. (Vijana wangesema kwamba Orban alimpiga Kaisari mzinga kabla ya kumuuzia mzinga, lakini niliahidi kuandika kwa heshima.) Akaenda kwa adui wa Kaisari, Sultani Mehmed wa Pili wa Waturuki, ambaye alimlipa vizuri na kumpa kila alichohitaji. Mzinga ulisubiwa kwa shaba nyeusi mjini Edirne, na kutoka hapo hadi kuta za Konstantinopoli ni safari ya zaidi ya kilomita 200, ambayo mpanda farasi angeimaliza kwa siku chache. Mzinga ulitumia yapata miezi miwili, ukivutwa na ng'ombe 60, huku watu 200 wakitembea ubavuni kuushikilia usipinduke, na mafundi wakitangulia mbele kusawazisha njia na kuimarisha madaraja. Ulipofika ulirusha mawe yenye uzito wa zaidi ya nusu tani, na kwa siku nzima haukuweza kufyatuliwa zaidi ya mara saba. Kila baada ya mlio mmoja ilibidi mtutu upoe, na inasimuliwa kwamba waliupaka mafuta ili usipasuke. Kisha usafishwe, baruti ipimwe na kushindiliwa, jiwe lisukumwe ndani, na shabaha ielekezwe upya, kwa sababu kishindo kilikuwa kimekwisha kuusogeza mzinga wenyewe.

Na hata hivyo ukuta haukulala. Ulipobomolewa mchana, watu wa mjini walitoka gizani wakaziba pengo kwa magogo, matawi na mapipa yaliyojazwa udongo, wakagundua kwamba udongo unalimeza jiwe la mzinga vizuri kuliko ukuta wa mawe unavyolipinga. Mzingiro ulianza tarehe 6 Aprili na mji ukatekwa tarehe 29 Mei, na katika siku zote hizo kulikuwa na kazi mbili zilizofuatana bila kukoma, kubomoa mchana na kuziba usiku. Hapo nilirudi kwenye mswada wako na kuona jambo ambalo sikuwa nimeliona niliposoma mara ya kwanza: sura yako ya tisa haina usiku. Umewanyima watu wa mji saa zao za kazi. Wanasimama juu ya ukuta, wanalia, kisha wanakufa. Hakuna hata mmoja aliyebeba pipa.

Usidhani kwamba nataka usimulie vita kama fundi anayesoma orodha ya vifaa. Historia yenyewe ina vichekesho ambavyo wewe ungevimudu kuliko mimi. Mwaka 1304, kabla mizinga mikubwa haijajulikana, mfalme Edward I wa Uingereza aliihusuru ngome ya Stirling huko Uskoti na kuagiza ujengwe mtambo mkubwa sana wa kurusha mawe, ambao waliupa jina la Warwolf. Waliokuwa ndani walipotaka kujisalimisha, mfalme aliwakatalia mpaka kwanza aujaribu mtambo wake, na mawe yakaendelea kurushwa kwenye ngome iliyokwisha kunyosha mikono. Nilicheka, kisha nikaona haya kwa kucheka. Mtu aliyegharimia kitu kizito namna hiyo hakubali kirudi nyumbani bila kutumika, na hilo lingekufaa sana kwa yule jemadari wako ambaye kwa sasa ni mkatili bila sababu yoyote.

Jambo la udongo nalo limenishika, kwa maana linaeleza kwa nini ngome zilibadilika sura. Mizinga ilipozidi nguvu, kuta ndefu za kuringia ziligeuka kuwa shabaha, basi wajenzi wakazifupisha, wakazinenepesha, wakazijaza udongo, na kuzitolea buruji zenye pembe kali ili kila upande ulindwe na mizinga ya upande mwingine. Jibu la washambulizi likawa jembe. Vauban, mhandisi wa mfalme wa Ufaransa, aliuhusuru mji wa Maastricht mwaka 1673 kwa kuchimba mahandaki marefu yaliyokwenda sambamba na ngome, kila moja likiwa karibu zaidi kuliko lililotangulia, yakiunganishwa na vijia vya mshazari ili risasi za adui zisipite moja kwa moja ndani yake. Mizinga ilisogezwa handaki kwa handaki, na mji ukasalimu amri katika mwezi huohuo wa Juni. Katika mzingiro huo ndipo alipouawa d'Artagnan, yule wa kweli, ambaye baadaye riwaya ya Alexandre Dumas ilimfanya ajulikane dunia nzima. Ona basi: shujaa wa panga na kofia zenye manyoya aliishia katika vita vya majembe. Ningekuwa mimi ndiye mwandishi, nisingemwachia mtu mwingine mandhari hiyo.

Najua utakavyonijibu, kwa sababu ulikwisha kumjibu Mwalimu hivyohivyo: kwamba riwaya yako ni ya zama za reli na chuma, na mzinga wako haurushi mawe. Sawa. Lakini katika zama hizo uzito haukupungua, bali ulihama kutoka kwa ng'ombe ukaingia kwenye ratiba. Agosti 1914 Wajerumani waliushambulia mji wa Liège, Ubelgiji, uliozungukwa na ngome 12 za zege, na askari wao wa miguu walianza kufa siku za kwanza huku mizinga mikubwa yenye mdomo wa sentimita 42 ikiwa bado haijafika. Ilisafirishwa vipande vipande, ikaungwa hukohuko, na ilipoanza kulia tarehe 12 hesabu ikabadilika. Zege la ngome zile lilimiminwa bila nondo, na lilipimwa kwa makombora madogo zaidi ya hayo. Tarehe 15 kombora moja lilipenya ngome ya Loncin na kulifikia ghala la baruti. Ngome ikapasuka kutoka ndani, mamia ya askari wakafia humo, na jenerali wao, Leman, akatolewa kwenye kifusi akiwa amezimia. Ukitaka ukuta uanguke kwa pigo moja, basi hilo ndilo pigo lako, lakini siku zilizolitangulia huwezi kuziruka.

Mzinga wa Wajerumani uitwao Gustav sitauzungumzia sana, maana Kapteni anaupenda mno na ameniandikia kurasa nne juu yake. Ulikuwa na mdomo wa sentimita 80 na uzito wa tani 1,350, ukatengenezwa kwa ajili ya ngome za Ufaransa na usiwe tayari Ufaransa ilipoanguka mwaka 1940. Ulipopelekwa Sevastopol mwaka 1942 ilibidi ujengewe reli maalumu na kuhudumiwa na watu kwa maelfu, ukafyatua makombora 48 tu. Kapteni anauona kuwa ajabu ya uhandisi. Mimi nauona kama bwana harusi aliyechelewa harusi yake akapelekwa kwenye ya mtani.

Kilichonigusa kuliko vyote ni habari za Dien Bien Phu. Mwaka 1954 Wafaransa walikaa katika bonde wakiamini kwamba adui hawezi kupandisha mizinga mizito kwenye milima ile yenye msitu, na hata angeipandisha, wangeinyamazisha mara moja. Wavietnamu waliipandisha kwa mikono. Waliivuta kwa kamba, inchi kwa inchi, usiku, wakiweka kabari chini ya magurudumu kila walipopumua, kwa sababu kamba ikikatika mzinga hurudi nyuma na kumponda aliye nyuma yake. Kisha, Januari, Jenerali Giap aliona kwamba maandalizi hayajatimia, akaahirisha shambulio na kuamuru mizinga ivutwe kurudi nyuma. Hebu jiweke mahali pa wale waliokuwa wameifikisha. Waliirudisha, wakaipandisha tena, wakaichimbia mapango katika miteremko inayotazama bonde, na tarehe 13 Machi ikalia. Kamanda wa mizinga wa Kifaransa, Kanali Piroth, aliyekuwa amewahakikishia wakubwa wake kwamba hakuna la kuogopa, alijiua siku chache baadaye. Nilipofika hapo nilifunga kitabu nikakaa. Sikuweza kuamua ni nani wa kumhurumia kwanza, mvuta kamba aliyeambiwa arudishe au kanali aliyejua, kwa mlio wa kwanza tu, kwamba mtu fulani ameivuta.

Na pale ambapo mizinga haikuamua kitu, njaa na maradhi viliamua. Ngome ya Yesu ya Mombasa ilihusuriwa na Waomani tangu Machi 1696 hadi Desemba 1698, muda wa miezi 33, na ukuta wake haukuangushwa na mzinga. Waliokuwa ndani walikwisha kwa maradhi. Mwaka 1697 maafisa wa Kireno walikuwa wamekufa, na kwa muda ulinzi ukashikwa na mtu wa ukoo wa watawala wa Faza, pamoja na jamaa zake na Waafrika wachache waliosalia, wanawake kwa wanaume, mpaka msaada ulipofika. Ngome ilipotekwa hatimaye, msaada mwingine ulikuwa baharini ukija, ukachelewa kwa siku chache. Kwa nini hatujaandika riwaya kumi juu ya mtu yule wa Faza, mimi sielewi, nawe usiniulize kwa nini siandiki mimi.

Narudi kwenye sura ya tisa, na ninakuomba usinikasirikie. Yule mtoto mchota maji wa sura ya nne, ambaye umemwacha kisimani akiwa na ndoo mkononi na hatumwoni tena, mlete kilimani. Wapiga mizinga wanahitaji maji ya kulowesha sponji ya kusafishia mtutu, ili cheche iliyobaki ndani isiiwashe baruti mpya na kuwaua. Huyo mtoto ana kazi pale. Ana sababu ya kuuona mzinga ukipanda, kujua jina la kila ng'ombe, kusikia wazee wakitukanana juu ya gurudumu lililovunjika, na usiku kusikia ng'ambo ya pili, ndani ya mji, sauti za watu wakibingirisha mapipa. Sijui kama ndugu zake wako upande ule. Wewe ndiye unayejua. Katika sura ya pili ulidokeza kitu juu ya mama yake, kisha ukakisahau, au labda sikukisoma vizuri.

Sasa nijibu, tena upesi kuliko nilivyokujibu mimi. Mzinga wako ulisubiwa wapi, na nani aliyelipia shaba? Ulitumia siku ngapi njiani, na ulipita mto gani? Mji una visima au unategemea mto huo? Jemadari ana chakula cha wiki ngapi, maana anayehusuru naye hula? Mtoto ana umri gani? Mhariri amekupa mpaka lini, na je, ni kweli, kama anavyodai Kapteni, kwamba umekwisha kumpelekea sura nane za kwanza bila kunisubiri? Na Mwalimu, bado anasisitiza kwamba ukuta uanguke?

Mswada nimeurudisha pamoja na barua hii. Kurasa za sura ya tisa zina maandishi yangu ya penseli pembeni. Nimeandika kwa wepesi ili uweze kuyafuta.

Wako daima,
Rafiki yako wa zamani