Usiniambie "yuko hapa": barua ya wazi kwa binamu yangu aliyeanza Counter-Strike

Binamu,

Shangazi kanipigia simu leo asubuhi, na swali lake la kwanza halikuwa la afya. Alitaka kujua kwa nini mwanawe alikuwa akipiga mayowe "bomu! bomu!" saa sita za usiku, hapo Muscat, kwenye jengo lenye majirani kila upande. Nikamtuliza. Nikamwambia ni gemu la watu watano kwa watano, wengine wanatega, wengine wanategua. Hakucheka.

Mimi hayo mayowe ya bomu hayakunisumbua. Lililonisumbua ni lile neno lingine ulilolirudia mechi zote tatu tulizocheza jana: "Yuko hapa! Yuko hapa!" Hapa wapi, ndugu yangu? Niko upande wa pili wa ramani, nimetazamana na ukuta. Hapo ulipo wewe, mimi sipaoni. Nikiwa bado nauliza, umeshakufa, na aliyekuua keshahama.

Tukafungwa 13 kwa 4, tukafungwa 13 kwa 6, na ile ya tatu tuiache. Halafu ukaandika kwenye kundi la familia kwamba mkono wako mzito na gemu hili si lako. Nakujibu hadharani kwa kuwa wiki hii watu wengine wawili wameniletea malalamiko yale yale na nimechoka kurudia. Mkono wako hauna neno. Mdomo ndio haujaanza kazi.

Shika ramani moja tu kwanza. Mimi nakuchagulia Dust II, ile ya jangwani aliyoichora Dave Johnston mwaka 2001 na watu wangali wanapigania milango yake mpaka leo. Ifungue peke yako, bila mtu, uzunguke kama mgeni aliyeshuka Forodhani kwa mara ya kwanza. Karibu na rada kuna maandishi yanayokutajia ulipo. Yasome kwa sauti: Long, Short, Mid, vile vichochoro vya kuelekea B, moja ya sehemu mbili za kutegea bomu. Majina ni ya Kiingereza, yaache hivyo hivyo, maana ukikutana na Mhindi au Mrusi huko ndani ndiyo mtakayoelewana nayo. Ukishayajua, kauli yako inakuwa fupi: "Wawili Long, mmoja nimempiga sana." Idadi, mahali, hali. Basi. Sekunde mbili zimekwisha na sisi wanne tunajua pa kuelekea.

Na ukifa, taja ulichokiona, kisha funga maiki. Hili nalisema kwa upendo. Aliyebaki hai anasikiliza nyayo. Katika gemu hili ukikimbia unasikika, ukitembea kwa kushika Shift hausikiki, na tofauti hiyo ndiyo inayomwambia mtu kama adui yuko nyuma ya mlango au hayuko. Jana nimebaki mimi na mmoja wao, kila mtu na sikio lake, nawe unanisimulia masikioni jinsi ulivyokosa bahati. Nikapigwa kisogoni. Sikusema kitu, ila nimekumbuka.

Kuhusu kupiga risasi, nitakuambia mambo mawili tu, mengine utayapata kwa kufa. Umetoka kwenye magemu ya simu, ambako mtu anakimbia huku anamwaga risasi na zinafika. Huku hazifiki. Ukipiga unakimbia, risasi zinakwenda zitakako. Lazima usimame, na kusimama kwenyewe kuna ufundi wake: ukiachia tu kitufe, mwili unateleza kidogo kabla ya kutulia. Kwa hiyo ukiwa unakwenda kulia kwa D, iachie, gusa A mara moja, umeganda, piga. Kulia, gusa, piga. Kushoto, gusa, piga. Fanya hivyo mbele ya ukuta mtupu, utaona mwenyewe matundu yanavyokusanyika. Robo saa kila siku kabla ya mechi, vidole vyako vitazoea.

La pili, inua macho. Nilikuangalia baada ya mimi kufa: unatembea ile alama ya kulengea iko sakafuni, kama mtu aliyedondosha funguo. Ikae usawa wa kichwa cha mtu, kwenye kona ambayo mtu anaweza kutokea. AK-47 inaua kwa risasi moja ya kichwa hata kama jamaa amevaa kofia ya chuma. Ukishalenga usawa huo, kazi iliyobaki ni ndogo. Ukiwa umeangalia vigae, lazima upandishe maus, na huyo mwenzio keshamaliza. Kisha punguza kasi ya hiyo maus yako, inaruka kama panzi.

Sasa tuje kwenye pesa, maana hapa ndipo ulipotuumiza zaidi na wala hukujua.

Mama yako amecheza upatu tangu enzi za Mombasa, muulize nini humpata anayekula peke yake. Kila mtu anaanza nusu ya mechi na dola 800. AK ni 2,700, fulana ya kuzuia risasi pamoja na kofia ni 1,000, na bado hujanunua bomu la moshi la 300 wala flashi, lile la kupofusha macho, ya 200. Ukishinda raundi unapewa donge nono. Ukishindwa unapewa kifuta machozi, kinaanzia 1,400 na kinapanda kwa 500 kadiri mnavyozidi kufungwa, mpaka 3,400, hapo kinagota. Kwa hiyo zipo raundi ambazo timu nzima haina kitu, na dawa yake ni kukubaliana: hii tunaiacha, hatununui, inayofuata tunaingia wote watano tumekamilika.

Mechi ya pili, raundi ya tano, wanne tuliweka. Wewe ukanunua AK, bila fulana, ukakimbilia Mid peke yako. Ukafa. Jamaa akaiokota. Raundi iliyofuata ikatuua wawili, AK uliyoilipia wewe. Ukisikia mtu anasema "eko", maana yake mkono usiguse mfuko. Na siku ukiwa tajiri, mnunulie mwenzako bunduki umtupie kwa kitufe cha G.

Usidhani mimi sijawahi kufanya ujinga wa pesa. Tulikuwa nyuma 11 kwa 12, raundi ya mwisho, sisi ndio walinzi. Wenzangu wote chini, bomu limetegwa B, nami nikampata yule wa mwisho wao kwa bahati tupu. Likishategwa linalipuka baada ya sekunde 40. Kulitegua kwa mikono mitupu ni sekunde 10. Ukiwa na kile kifaa ambacho sisi hapa tunakiita koleo, kwa sababu ya mchoro wake, ni 5. Nikapiga magoti juu ya bomu, mlio wake umeshakuwa wa haraka kama moyo wa kuku, kumbe zimebaki saba au nane. Koleo ni dola 400. Nilikuwa na zaidi ya 2,000 zimelala mfukoni. Nikabaki nimelishika mpaka likalipuka nami. Wenzangu hawakunitukana hata neno, wakatoka mmoja mmoja. Tangu siku hiyo nikiwa mlinzi na pesa ipo, koleo kwanza.

Matusi sasa, maana ulilalamika. Seva ya Dubai ina kila lugha: Kiarabu, Kiurdu, Kirusi, na vijana wenye maiki inayokwaruza. Wapo watakaokutukana wewe na ukoo, yaani pamoja na mimi. Usijibu. Mnyamazishe mtu huyo peke yake, wengine waache, maana ukizima sauti za wote umejitia uziwi. Wala usitoke mechi katikati kwa hasira, utafungiwa: mara ya kwanza dakika 30, ukirudia saa 2, kisha siku nzima, kisha wiki. Na mashine haiulizi sababu. Mimi umeme ulikatika mchana mmoja katikati ya mechi, uliporudi nikakuta nimeshahukumiwa.

Ulisema pia kwamba gemu linakuchelewesha. Wewe? Uko Muscat, seva iko Dubai, ni jirani yako! Mimi ndiye niliye ng'ambo ya bahari. Ile nyaya ya intaneti ya chini ya bahari, TEAMS, iliyounganisha Mombasa na Fujairah huko Emirati mwaka 2009 ina zaidi ya kilomita 4,000, na mwanga ndani ya kioo unakwenda kama kilomita 200,000 kwa sekunde. Kwenda na kurudi, milisekunde 40 zimeshaliwa baharini kabla hata mtandao wa nyumbani haujaongeza zake. Na ndiyo njia iliyonyooka hiyo. Ukiona picha inaganda, tazama kama wadogo zako wanaangalia video, na chomeka kompyuta kwenye ruta kwa waya. Seva msamehe.

Na usikimbilie Premier, zile mechi za kushindania kiwango. Huko namba yako ya kiwango haitoki mpaka ushinde mechi 10, na kwa mwendo wa jana hizo 10 ni safari ndefu. Piga kwanza zile mechi za kawaida, uzoee ramani. Gemu lenyewe, Counter-Strike 2, ni la bure tangu litoke Septemba 2023, kwa hiyo usinunue chochote. Nimesikia umeanza kuulizia rangi za visu. Kisu chenye rangi hakitegui bomu.

Alhamisi basi, saa tatu za usiku kwetu, saa nne kwenu. Nimempata mtu wa tano, ni mpole, hatukani. Ingia nusu saa kabla, uzunguke Dust II peke yako na utaje kila unapokanyaga. Sauti iwe ya chini lakini. Nimeshamwahidi shangazi.

Binamu yako,
Mombasa